Tangazo la Mwisho

"Mwambie huyo katekista wako akae chini," hakimu alimwambia Kokushubila bila kumtazama Jovita. "Shauri hili ni la ukoo."

Jovita hakukaa. Alikuwa amemsindikiza mjane huyo kwa miguu tangu alfajiri mpaka mahakamani.

Hukumu ilikuwa fupi. Mume amekufa, mtoto hakuna, kibanja, shamba lao la nyumbani, kinarudi kwa Rwegasira, mdogo wa marehemu. Mjane aolewe na shemeji yake au arudi kwao. Miaka ishirini na miwili ya kupalilia migomba na kuchuma kahawa haikutajwa hata mara moja.

Nje, Rwegasira aliwasubiri. "Shemeji, Jumatatu nakuja na watu. Uwe umeshaamua."

Njiani kurudi Muleba, Jovita alipitia kwa padri.

"Avumilie," padri alisema. "Mila haziondoki kwa siku moja."

"Nimewafundisha wanawake uvumilivu miaka tisa, Padri. Sijakusikia ukiwafundisha wanaume."

Padri alifunga kitabu chake. "Jumapili usome matangazo kama kawaida."

Akayasoma. Ndoa tatu, ubatizo, mkutano wa kijiji cha ujamaa. Karatasi ikaisha, lakini hakushuka.

"Tangazo la mwisho. Kesho Kokushubila anafukuzwa kwenye kibanja alichokilima kwa mikono yake. Redio inatuambia nchi hii ni ya wakulima. Sisi tunaolima ni nani? Kesho asubuhi nitakuwa pale napalilia. Mwanamke mwenye mikono aje."

Padri akakohoa. Upande wa wanaume, Rwegasira alisimama. "Huyu ana wazimu!"

"Nina hasira," Jovita alimjibu. "Wazimu ni kitu kingine."

Baada ya misa, padri alimnyang'anya ufunguo wa darasa la katekisimu. 

Jumatatu walikuja wanawake kumi na mmoja. Jovita alitarajia hamsini. Akameza uchungu, akainama kung'oa magugu pamoja nao, Kokushubila akiwaonyesha migomba michanga isiyotakiwa kukanyagwa.

Rwegasira akatokea na wanaume wawili wenye mapanga. Alifungua mdomo kuwafokea, kisha akamwona, nyuma ya shina la mgomba, mwanamke aliyebeba mzigo wa nyasi za kutandaza. Theopista, mke wake.

"Wewe! Toka humo, twende nyumbani."

Theopista alitua mzigo. "Ukifa wewe," alisema polepole, "mimi nitakwenda wapi?"

 Mmoja wa wanaume wale alitazama panga lake kana kwamba amebebeshwa na mtu asiyemjua, akageuka na kuondoka.

"Nitarudi," Rwegasira alisema.

"Rudi," Jovita akamwambia. "Sisi tunapeleka rufaa Bukoba. Na hapa tutakuwepo."

Rwegasira alibaki njiani, hasogei mbele wala nyuma. Mvua ikaanza kupiga majani ya migomba. Theopista alipiga magoti, akafungua kamba ya mzigo, akaanza kutandaza nyasi kuzunguka shina moja, kisha jingine, akizidi kuingia ndani ya shamba.