Treni Iliyopita Rhyd-y-Gof Bila Kusimama

Meinir Pugh alinyoosha mkono, na mama mkwe wake, Bi Dilys, akanyoosha wake. Ndiyo desturi ya Rhyd-y-Gof, kijiji cha milimani Wales, tangu enzi za treni za kubeba mawe ya kuezekea. Mahali penyewe si stesheni ya kusema stesheni: jukwaa fupi la mbao, kibanda cha bati, benchi moja lililoota ukungu. Treni husimama ikiombwa. Unanyoosha mkono, dereva anakuona, anapiga filimbi fupi, anafunga breki.

Asubuhi ile filimbi haikulia. Kichwa cha treni kilichomoza kwenye kona ya mialoni kikitema mvuke, kikaja, kikaja, kikapita. Gwilym, dereva, alikuwa amegeuza uso upande wa mto kama mtu anayetafuta samaki. Mabehewa mekundu yakapita mbele ya pua zao, madirisha yamejaa wageni, na wageni wale walipowaona wanawake wawili wamenyoosha mikono wakafurahi kwelikweli. Wakapunga. Mwanamume mmoja mwenye kamera kubwa akainuka kitini akawapiga picha.

"Wanatusalimia," alisema Bi Dilys, mkono ungali hewani.

"Shusha mkono, Mama."

"Labda Gwilym hakutuona."

"Katuona."

Bi Dilys akashusha mkono taratibu, akaufunika kwa kitambaa mkate wa zabibu uliokuwa kikapuni. Ulikuwa wa mumewe, Ifor, ambaye akili ilikuwa imeanza kumtoka na sasa anatunzwa katika nyumba ya wazee kule chini Porth Eiriol, pwani. Basi la kijiji lilikwishaondolewa. Meinir alinyang'anywa leseni ya gari macho yalipoharibika. Barabara ya kupanda mlima mtu angekupeleka kwa hisani yake, na hisani ina mwisho. Iliyobaki ni treni, na treni ndiyo hiyo imeishia kwenye kona, mvuke wake ukining'inia juu ya matawi.

Walirudi nyumbani. Njiani Meinir alihisi hasira ikimpanda kama maziwa jikoni.

Maana reli ile haikushuka kutoka mbinguni. Zamani, wakubwa wa London walipokuwa wakifunga reli Wales nzima kwa mchoro wa kalamu, ya Bonde la Eiriol nayo ilifungwa. Ifor wakati huo alikuwa kijana, fundi wa njia. Kazi yake ya mwisho ilikuwa kuzing'oa reli alizokuwa akizitunza. Njia ikabaki miiba na kondoo. Ikakaa hivyo miaka na miaka, mpaka Arwel, mtoto wa Ifor na mume wa Meinir, alipoanza kwenda huko Jumamosi na panga, peke yake, watu wakimcheka. Halafu wakaacha kumcheka wakaenda naye. Bonde zima lilifyeka. Meinir alibeba mataruma, magogo ya kulazia reli, begani akiwa na mimba changa hata hajui. Akina mama wa kanisani walioka keki wakaziuza wakanunua reli chakavu. Arwel alivunjika mguu kwenye handaki akabaki anachechemea hadi moyo ulipomsimama, akaenda kuzikwa mahali ambapo filimbi inasikika.

Treni ikarudi. Wageni wakaja kutazama milima na maporomoko, kampuni ikaundwa, na kampuni ikaajiri meneja, Bwana Tansley, kutoka mbali huko. Waswahili tunasema mgeni njoo, mwenyeji apone. Rhyd-y-Gof mgeni alikuja, mwenyeji akaachwa jukwaani.

Kesho yake Meinir aliomba lifti kwenye lori la maziwa akateremka Porth Eiriol. Bwana Tansley alimpokea kwa bashasha, akamvutia kiti, akamwagizia chai.

"Bi Pugh! Jina lenu ni kubwa kwenye reli hii."

"Basi mbona haisimami tukiiomba?"

"Ah, hilo." Akakunja mikono. "Tumebadilisha utaratibu. Jukwaa la Rhyd-y-Gof halifikii viwango. Na kusimama pale kunakata safari. Mgeni amekaa, anafurahia mandhari, mara treni inasimama, anapanda mtu na kikapu…"

"Mtu na kikapu ndiye aliyejenga reli."

"Nakubali kabisa, na tunamshukuru. Lakini hii leo ni reli ya urithi."

"Urithi wa nani?"

Bwana Tansley alitabasamu, akakoroga chai yake. Akasema kampuni iko tayari kumpa mama mkwe wake kiti cha bure siku moja kila mwaka, apandie hapa Porth Eiriol kama mgeni wa heshima.

"Apandie hapa?" Meinir aliinuka. "Akishafika hapa atapanda treni ya nini? Mume wake yuko hapa!"

Chai aliiacha haijaguswa. Alipotoka alimkuta Gwilym bandani, anapaka mafuta kichwa cha treni, mashavu yamemwiva kwa aibu. Yeye na Arwel walisoma darasa moja.

"Shemeji, usinitazame hivyo."

"Nikutazameje? Jana ulikuwa unatazama mto. Ulikuwa na nini huo mto?"

"Nimeagizwa. Nikisimama nafukuzwa."

"Mguu wa Arwel uliuona ulivyokuwa umekunjika handakini. Wewe ndiye uliyemtoa."

"Mimi ndiye niliyemtoa."

"Basi endelea kupaka mafuta," Meinir alimwambia. "Ing'ae. Wageni wanapenda vitu vinavyong'aa."

Lilikuwa neno kali, na alijua ni kali, ila hakulirudisha.

Wiki zikapita. Jirani mmoja aliwapeleka mara moja kwa gari kupitia mlimani, na Bi Dilys alitapika njia nzima, akafika kwa mumewe hana hata nguvu za kuketi. Baada ya hapo akasema basi, msinisumbue. Akawa anakaa dirishani akisikiliza treni ikishuka na ikipanda. Haikuwa tabia yake kulalamika. Kizazi chao kilizoea kufungiwa milango kikasema asante. Hilo ndilo lililomuudhi Meinir kuliko yote. Alitamani bibi yule avunje hata sahani moja.

Siku moja Meinir aliingia duka la kijiji kununua sabuni akakuta bango jipya ukutani, limebandikwa juu ya mashine ya barafu. Picha nzuri, ya rangi, ya milima na ukungu. Na katikati ya picha, kwa ukubwa wa kutisha, Bi Dilys. Koti lake la kijani, kikapu chake, mkono juu, uso umeinuka kwa matumaini. Chini yake, kwa maandishi ya kupendeza: *Watu wa bonde wanakusalimu. Njoo tusherehekee kumbukumbu ya kurudi kwa treni yetu.*

Alilibandua lote, na vipande vya rangi ya ukuta, akaenda nalo nyumbani akalitandaza mezani.

Bi Dilys alivaa miwani. Alitazama kwa muda mrefu.

"Huyu ni mimi."

"Ndiyo, Mama."

"Wanasema nawasalimu."

"Ndivyo walivyoandika."

"Sikuwa nawasalimu." Sauti yake ilikuwa ndogo, lakini Meinir hakuwahi kuisikia hivyo. "Nilikuwa nasimamisha treni. Nilikuwa naenda kwa Ifor. Wamenipita, halafu wamechukua mkono wangu wakaufanyia biashara." Akavua miwani. "Hiyo sherehe yao ni lini?"

"Jumamosi."

"Koti langu la kijani liko wapi?"

Meinir alikuwa tayari kuwaamsha watu, wajazane jukwaani kijiji kizima. Bi Dilys alikataa katakata. "Nilikuwa na wewe siku ile. Nitakuwa na wewe siku hii. Wasije wakasema tulileta vurugu."

Jumamosi ilikuwa na manyunyu mepesi. Treni ya sherehe ilikuwa ikishuka kutoka Blaen Eiriol, kule juu kwenye machimbo ya mawe, imepambwa bendera na maua, bendi ya tarumbeta ndani ya behewa la mbele na wageni wa heshima behewa la nyuma pamoja na Bwana Tansley. Wale wanawake wawili walisimama palepale waliposimama siku ile. Treni ilipochomoza kwenye kona, wakanyoosha mikono.

Meinir alimtazama Gwilym. Safari hii Gwilym hakutazama mto. Aliwatazama wao, na alipofika kwenye mti wa mwisho akavuta filimbi kwa ufupi, kama zamani. Breki zikalia. Ile treni yote, na bendera zake na maua yake, ikasimama Rhyd-y-Gof.

Bendi ikakosa mdundo ikanyamaza. Mlango wa behewa la nyuma ukafunguka, Bwana Tansley akaruka jukwaani, ua kifuani.

"Kuna nini? Gwilym! Kuna hitilafu?"

"Hakuna hitilafu, bwana. Kuna abiria."

"Ondoa treni!"

Gwilym akashuka kutoka kwenye kichwa cha treni, mkononi ameshika fimbo ya njia. Kwenye reli ya njia moja, treni mbili zikikutana ni maafa, kwa hiyo tangu zamani kila kipande cha njia kina fimbo yake moja tu, nzito, ya mti na shaba, na dereva asiye nayo haruhusiwi kusogeza hata gurudumu. Mwenye fimbo ndiye mwenye njia. Gwilym aliifuta kwa kitambaa, akamwendea Bi Dilys, akampa kwa mikono miwili.

"Nishikie, mama yangu. Mikono yangu ina mafuta."

Bi Dilys akaketi kwenye benchi lenye ukungu, akailaza fimbo mapajani juu ya kikapu.

"Mama," Bwana Tansley alianza, sauti imelainika kwa ajili ya wale waliokuwa wakichungulia madirishani, "tafadhali nipe hiyo."

"Ukishanipa yangu."

"Yako ipi?"

"Safari yangu. Nilikusimamisha, ukanipita, ukanipiga picha." Wageni wote walikuwa wameshusha vioo sasa. "Mmenibandika ukutani kwamba nafurahi. Mimi sikufurahi. Mume wangu aling'oa reli hizi analia, mwanangu akazirudisha akavunjika mguu, huyu mkwe wangu alibeba magogo na tumbo. Wewe umeketi juu yake unaniambia jukwaa langu halifai. Halifai kwa nani? Kwa picha lilifaa!"

Behewani mwanamke mmoja alisema kwa sauti, "Ni yeye! Ni yule bibi wa kwenye bango!" Halafu akaziba mdomo, kwa maana alikuwa ameshaelewa.

Bwana Tansley alitazama madirisha, akatazama fimbo. Mbele ya macho yote yale hangeweza kumpokonya kikongwe. "Mpandisheni," alisema, meno yamefungana.

"Sisemi nipandishwe leo tu," Bi Dilys akasema.

"Tutazungumza."

"Zungumza hapahapa. Mimi sina haraka, nimesubiri tangu majira ya kuchipua."

Mvua ikazidi. Bendera zikaanza kudondosha rangi. Mwishowe Bwana Tansley akasema, mbele ya bendi na wageni wa heshima, kwamba treni itasimama Rhyd-y-Gof kila ikiombwa. Meinir akamtaka aseme tena, kwa sauti, akasema tena. Ndipo Bi Dilys akarudisha fimbo kwa Gwilym, akapanda behewa la heshima, akaketi kwenye kiti cha mahameli na koti lake lililolowa.

Ingekuwa hadithi ya watoto, ingekomea hapo. Lakini walipofika kwenye nyumba ya wazee, Ifor alikuwa ameketi karibu na dirisha, amekonda. Alimtazama mkewe kwa adabu, kama anavyotazamwa mtu wa kanisa jingine.

"Nimekuja, Ifor. Nimekuletea mkate."

"Asante, nesi. Umekujaje na mvua hii?"

"Kwa treni."

Ifor alitikisa kichwa kwa huruma. "Treni hakuna, mwanangu. Walishaifunga. Mimi mwenyewe nilizing'oa."

Bi Dilys akamkatia mkate, akamlisha. Meinir alitoka nje hadi kwenye korido, akapiga ukuta teke mpaka kidole cha mguu kikavimba. Katika wiki zile zote walizozuiwa, Ifor alikuwa ametoka kwenye kumbukumbu zake polepole, mlango baada ya mlango, na hakuwapo mtu wa kumshika mkono. Hilo hakuna bango wala ahadi inayolirudisha.

Gwilym alisimamishwa kazi Jumatatu. Jumanne watia makaa na makondakta, wengi wao wa kujitolea, walikuja stesheni wakaketi kwenye uzio wakinywa chai, na hakuna aliyewasha moto. Wageni wakageuzwa. Kufikia Ijumaa Gwilym alikuwa amerudishwa na mabango yameondolewa, kimyakimya, bila neno la kuomba radhi kwa yeyote.

Ifor alikufa kabla ya theluji ya kwanza. Tangu Jumamosi ile mkewe alikuwa akienda kila alipotaka, na mara moja moja Ifor alimtambua akamwita kwa jina lake.

Kwenye mazishi Bwana Tansley alikuja, amevaa vizuri, akamnyooshea Meinir mkono.

"Pole sana. Natumaini yale mengine yamekwisha kati yetu."

Watu walikuwa wakitazama, na mchungaji alikuwa karibu. Meinir alijua neno linalotakiwa. Watu wa bonde wamelisema kwa vizazi.

"Hayajakwisha," alisema, akauacha ule mkono hewani, akamshika mama mkwe wake wakateremka kituoni.