Orodha ya Kina Mama wa Jang'ombe

Jumatatu tarehe 4 Machi 1957, saa tatu na robo asubuhi, orodha ya wanachama wa Chama cha Kina Mama wa Jang'ombe ilifika mezani kwa Gharib bin Usi, karani wa pili katika ofisi ya kusajili vyama. Ilikuwa karatasi moja yenye majina thelathini na moja. Mstari wa kwanza, mahali pa mwenyekiti, uliandikwa: Mama Masoud.

Gharib aliujua mwandiko. Ulikuwa wa mkewe, Mwanakheir.

Chama kilikuwa na nyumba ya udongo ya vyumba viwili, ambamo wanawake wa mtaani walikwenda kujifungulia. Kina mama walifagia, walichemsha maji na kukaa na mzazi mpaka amalize. Serikali ilimtoa mkunga wake, Bi Shemsa, siku mbili kwa wiki, pamoja na dawa za mkobani mwake. Mambo yalikwenda hivyo miaka mitatu bila ya karatasi yoyote. Lakini mwaka huo ulikuwa wa uchaguzi, na serikali ilitaka kujua kila kikundi kina nani ndani yake. Ilani ilisema wazi: chama kisicholeta majina kamili ya watu wasiopungua ishirini ifikapo tarehe 28 Machi hakitapewa tena mtumishi wa serikali.

Mama Bakar. Mama Machano. Mama Msabah. Gharib alisoma mpaka mwisho. Hakuna hata mmoja aliyeandikwa kwa jina lake mwenyewe. Akachukua kalamu ya wino mwekundu, akapiga mstari juu ya kila jina, akianzia la kwanza, na chini akaandika: "Haya si majina kamili." Bwana Muhiddin, karani mkuu, alikaa hatua nne kutoka pale. Gharib hakumuuliza kitu. Kanuni aliijua.

Karatasi ilirudishwa siku ile ile. Alasiri alipofika nyumbani aliikuta barazani, baina ya Mwanakheir na jirani yao, Mama Bakar.

"Shemeji, ndiyo umetufuta sote?" Mama Bakar alimdaka kabla hajavua viatu. "Mimi tangu nimzae Bakar sijasikia mtu kuniita jina langu. Alilitaja sheikh aliyenioza, na yeye ashakufa."

"Liandike hilo hilo."

"Na mume wangu je? Yuko Malindi bandarini, anapakua mizigo. Keshaniambia, jina la mkewe likiingia daftari la serikali mwaka huu wa kura, kesho ataulizwa yumo upande gani."

"Hiki si chama cha siasa."

"Kamwambie yeye, si mimi."

Mama Bakar alipokwenda zake, Mwanakheir aliweka kidole juu ya mstari wa kwanza.

"Baba Masoud, hapa umefuta nini?"

"Jina lisilo kamili. Wewe ni Mwanakheir binti Jaku. Ofisi inataka..."

"Nnajua ofisi inataka nini. Nnakuuliza, wapi pengine alipoandikwa mwanangu?"

Masoud alizaliwa Agosti 1953 na akaishi siku sita. Gharib hakwenda kumwandikisha mapema. Alitaka kungoja siku ya saba, mtoto anyolewe na apewe jina, ili cheti kitoke kimetimia. Siku ya saba hapakuwa na mtoto. Jina alilitoa Mwanakheir peke yake, amempakata, na majirani wakalishika wakawa wanamwita yeye Mama Masoud. Mwaka uliofuata alianzisha chama.

"Hayumo katika daftari lolote," Gharib alisema. Ilikuwa kweli, na aliitamka kwa sauti aliyozoea kuwajibia watu kwenye dirisha la ofisi.

Mwanakheir aliikunja karatasi mara nne. Tangu siku ile alimpakulia chakula, alimfulia nguo, na hakumwita tena Baba Masoud.

Wiki tatu alizunguka mlango kwa mlango. Baadhi ya wanawake walicheka, kisha wakatoa majina yao kwa kunong'ona. Wengine walikwenda kuwauliza waume zao na hawakurudi.

Tarehe 26 Gharib alikuwa akipanga majalada alipokuta timu ya mpira iliyosajiliwa Februari. Wachezaji watatu waliandikwa Chuma, Kiparara na Mzungu Mweusi.

"Hii imepitaje?" alimuuliza Bwana Muhiddin.

"Wale vijana nawajua. Niliandika pembeni kuwa karani anawajua, Bwana Msajili akatia saini. Kwani wewe wale wanawake wako huwajui?"

"Nnawajua."

"Ungeandika basi. Sasa ushaandika vyengine kwa mkono wako, na jalada liko kwake. Kamwambie umebadili mawazo kwa sababu mkeo kakununia."

Gharib alikwenda. Bwana Msajili, Mwingereza, alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza swali moja: mwenyekiti ni nani kwako? Gharib akajibu. Bwana Msajili akasema kwamba, ikiwa ni hivyo, hakupaswa kuligusa jalada lile tangu mwanzo, na kwamba majina kamili ishirini yanahitajika kama ilani inavyosema.

Alhamisi tarehe 28, saa tano na dakika kumi, Mwanakheir alisimama mbele ya dirisha la ofisi, amejitanda buibui. Akapitisha karatasi mpya.

"Shika, bwana karani."

Gharib alihesabu mara mbili. Yalikuwa kumi na saba. La mwisho, kwa mwandiko aliokuwa akiujua, lilikuwa Mwanakheir binti Jaku.

"Yamepungua matatu," alisema.

"Nnajua kuhesabu."

"Mwanakheir, nlikwenda kwa Bwana Msajili. Nlimwambia."

"Lini?"

"Juzi."

Mwanakheir alinyoosha mkono dirishani. "Nipe stakabadhi," alisema, "niwaonyeshe wenzangu kuwa nlileta."

Alimwandikia.

Ijumaa asubuhi Mwanakheir alipanda basi la Mkokotoni kwenda kwa mama yake Tumbatu. Gharib alimbebea sanduku mpaka kituoni.

Jumatatu tarehe 1 Aprili Bi Shemsa hakwenda Jang'ombe.

Jumanne Gharib aliingiza chama kile katika daftari la vyama vilivyokataliwa. Palikuwa na safu ya jina la chama, tarehe, sababu, na jina la mwenyekiti. Katika safu ya mwisho aliandika, kwa hati safi: Mama Masoud. Akalipeleka daftari ndani kwa Bwana Msajili.

Saa sita na nusu lilirudi, limetiwa saini. Maneno yale mawili yalikuwa yamepigwa mstari mwekundu, na juu yake pameandikwa: Mwanakheir binti Jaku.