Malipo ya Duka la Watoto

Binti yangu alikuwa anasoma simu huku anakoroga chai, mara kijiko kikatulia.

"Baba," akasema, "una mtoto mchanga mahali?"

Nikacheka. Kwa umri wangu swali kama hilo ni sifa. Mkwe wangu naye akacheka, kainama mlangoni anafunga kamba za viatu. Yeye ni fundi wa mafriji, na asubuhi huwa na haraka kama anafukuzwa. Lakini binti hakucheka. Akanigeuzia simu. Ilikuwa taarifa ya kadi, ile kadi aliyonitolea kwenye akaunti yake ili nisiwe naombaomba nauli na dawa. Katikati ya famasi na kinyozi palikuwa na mstari umeandikwa Tabasamu la Kwanza, Vifaa vya Watoto Wachanga. Na kiasi chenyewe si cha soksi.

"Silijui duka hili," nikasema.

"Kumbuka vizuri, Baba."

"Mwanangu, nimesahau mengi, lakini kitanda cha mtoto ningekikumbuka. Na hebu tazama tarehe. Si ndiyo ile Jumatatu goti lilinilaza, ukanikanda na maji ya moto?"

Akatazama. Kweli, siku ile sikufika hata uani. "Basi tumeibiwa," akasema, akapiga simu benki palepale, akaweka sauti ya juu ili wote tusikie.

Kijana wa benki alikuwa na sauti laini. Mimi niliyesoma darasa moja huku na jingine kule, mtu wa ofisi akiniuliza maswali najikaza kweli. Nilimjibu nimesimama wima, kana kwamba ananiona.

"Kwa hiyo unayapinga malipo haya, mzee?"

"Nayapinga."

"Sawa. Kadi nimeshaifunga. Duka tutaliuliza, na hela tutaizuia kwao mpaka tupate ukweli." Nikasikia vidole vyake vikibonyeza. "Ila kuna kitu. Hapa naona kadi yenyewe ilichomekwa kwenye mashine, na namba ya siri ikaingizwa. Huu si wizi wa mtandaoni. Nani mwingine anaijua namba yako?"

Nikatamani ningekuwa nimekaa. Namba ile tulikuwa tunaijua mimi, binti aliyenichagulia, na mkwe, ambaye huwa nampa kadi anichukulie dawa. Binti aligeuza shingo taratibu, akamtazama mumewe. Mkwe bado alikuwa ameshika kamba ya kiatu.

"Usiniangalie hivyo," akasema.

"Nimekuangaliaje?"

"Hivyo hivyo."

Duka la vitoto vichanga, na wao kitindamimba wao ameshaanza kunyoa ndevu. Nilimwona binti akiunganisha mambo kichwani: kazi za mbali zinazomlaza mumewe huko huko, simu anazotoka nje kuzipokea. Mkwe akaaga, hakuitikiwa.

Jioni aliwekewa chakula kama mpangaji. Sahani ikashushwa, mwenye kushusha akaondoka. Asubuhi nikakuta blanketi limekunjwa kwenye kochi. Kesho yake tena. Nimelala nyumba nyingi katika kutangatanga kwangu, nikajifunza kusikiliza ukimya. Kuna wa watu waliochoka, na kuna wa watu wanaosubiri. Huu ulikuwa wa kusubiri. Kila simu ya binti ikilia, nainuka kusikiliza kama ni benki.

Nikamfuata jikoni. "Mama, huenda ni makosa ya mashine tu."

"Mashine haibahatishi namba ya siri, Baba."

"Umemuuliza?"

"Nimemuuliza. Ameapa." Alikuwa anasugua sufuria iliyokwisha kutakata. "Benki wakileta jibu, mmoja wetu atafungasha. Na wewe usimtetee. Nyinyi wanaume mnajuana."

Nikaona sina la kufanya pale zaidi ya kuongeza moto. Nikavaa kofia, nikaenda kulitafuta duka lenyewe. Nilidhamiria kumkaba mwenye duka kwa maneno mpaka aseme kadi yangu aliipitisha nani, mrefu au mfupi, ana kitambi au hana. Njiani nikajikuta naomba kimoyomoyo awe mfupi, maana mkwe ni mrefu.

Niliulizia, nikaelekezwa, nikashangaa kuona naelekezwa mitaa ya stendi ya mabasi, ambayo naijua kama kiganja changu. Duka lilikuwa upande wa barabara kuu: vitanda vya mbao, vigari, vyandarua vyenye maua, harufu ya poda. Niliingia na hotuba yangu mdomoni. Nyuma ya rundo la nepi akainuka mama mnene, kalamu kaichomeka kwenye nywele.

"Mzee Kesho," akasema, "leo imekuwaje ukaingilia mlango wa mbele?"

Alikuwa Mama Mizigo. Na hilo jina la Mzee Kesho ni yeye aliyenipa, kwa sababu kila nikipita kwake namwambia nasafiri kesho.

Mama Mizigo anahifadhi mizigo ya wasafiri. Sisi watu wa safari tunaingilia uchochoroni, kwenye geti la bati; unakabidhi begi, unapewa kipande cha bati chenye namba, basi. Sikuwahi kujua kwamba mbele ya kile kibanda kuna duka, sembuse jina lake. Na kwake nilikuwa na begi. Tangu nihamie kwa binti nimekuwa nalo pale, limefungwa tayari, kwa sababu usingizi haunijii nyumba ambayo siwezi kuondoka bila kuaga. Begi lile lilikuwa siri yangu. Halikunipitia kichwani hata mara moja, maana mimi nilikuwa nawaza vitu vya kununua, na pale sikununua kitu.

"Nililipa kwa kadi," nikasema polepole.

"Jumamosi, ada ya miezi yote kwa mpigo, ukajisifu. Mashine ni hii hii ya duka, na huko nyuma mtandao haukamati. Inameza tu malipo, nikiileta huku mbele Jumatatu ndiyo inayatapikia benki." Akaegemea kaunta. "Sasa benki wamenizuilia hela. Wanasema nimepitisha kadi ya wizi. Siku hizi mbili sijala nikashiba. Wakininyang'anya mashine, mzee wangu, nani atanilipa kitanda cha mtoto kwa noti? Kumbe mshitaki ni wewe?"

"Nilishitaki duka la watoto. Sikujua ni wewe."

"Ndiyo mimi."

Nilisimama kati ya vigari nikitafuta upenyo. Ningeweza kuwapigia benki peke yangu, niseme nimekumbuka, yaishe. Lakini binti angeuliza nimekumbuka nini, na jibu lolote la kubuni angeona namfichia mkwe. Hapakuwa na kitu kingine cha kumsafisha mkwe ila begi lenyewe.

"Nitolee mzigo wangu," nikasema.

"Unasafiri?"

"Hapana."

Akanitazama, kisha akaenda kulileta bila mzaha wowote, mara ya kwanza tangu tujuane.

Nyumbani niliwakuta wote wawili, kila mmoja na chumba chake. Nikawaita. Nikaliweka begi mezani, nikaeleza yote, geti la bati na mashine inayotapika Jumatatu. Niliongea na meza zaidi kuliko na watu. Mkwe akakaa chini kama aliyetua gunia, akajifunika uso. Binti akafungua zipu. Akatoa shati, shati jingine, dawa za goti, koti la mvua.

"Ulikuwa unakwenda wapi, Baba?"

"Popote. Sijapanga."

"Hapa kwetu pana nini kibaya?"

"Hapana kitu, mwanangu. Ni mimi ndiye mwenye kasoro."

Binti akamgeukia mumewe, koti mkononi.

"Nimelala kwenye kochi kwa ajili ya begi," mkwe akasema. "Shingo haigeuki."

"Nitakukanda," binti akasema, kwa sauti ya chini sana.

Kisha akapiga simu benki, akanisogezea. Akapokea yule yule wa sauti laini.

"Malipo yale nayatambua," nikamwambia. "Duka halina kosa. Warudishieni hela yao leo, kama inawezekana."

"Nafuta malalamiko, mzee. Ila kadi tulishaifunga, hiyo haifunguki tena. Tutakutumia mpya. Tuilete wapi?"

Binti alikuwa ameshika koti langu la mvua, hajalirudisha begini, hajaliweka chini. Alikuwa anatazama ukutani. Nikataja mtaa. Nikataja namba ya nyumba.

"Hiyo ni ya jirani, mzee," mkwe akasema, akanisogelea na kunitajia ya kwetu. Nikairudia kwa kijana wa benki, tarakimu moja moja, akiandika.