Kikombe cha Nne ni Zambarau

Nilimeza. Hilo ndilo lililoniponza siku ya mtihani wa kuonja chai, na wa kulaumiwa ni mama. Kwetu Kisii, ukipewa chai ukaitema mbele ya aliyekupa, umemtukana yeye na ukoo wake mzima. Basi Mzee Muchiri, muonjaji mkuu wa kiwanda chetu hapa Kericho, alinisimamisha mbele ya vikombe ishirini akasema, "Nyakerario, viwili hapa ni chai moja. Vitafute." Nikaivuta chai ya kijiko kwa kelele kama alivyonionyesha, nikameza. Yeye alitema kwenye ndoo yake. Nikadhani tumbo linamsumbua, maskini.

Nafasi ya kujifunza uonjaji ilikuwa moja tu. Nikishindwa, nilikuwa narudi kupakia magunia, kazi iliyonila mgongo miaka sita.

Sasa nikwambie siri yangu: ladha huwa naiona. Chai ikigusa ulimi, rangi inasimama mbele ya macho. Siku za wiki nazo zina rangi zake. Nikiwa darasa la pili nilimwambia mwalimu kwamba Jumanne ni bluu, akaniweka mbele ya darasa wenzangu wanicheke. Tangu hapo nikafunga mdomo.

Lakini chai ya kuonja si ya nyumbani. Ni nyeusi, kali, haina maziwa wala sukari. Nilipozunguka meza mara ya tatu, moyo ulikuwa unapiga mbio na rangi zinanijia kwa fujo: njano, kahawia, kijani kibichi. Nikaanza kucheka peke yangu. Nilikuwa nimelewa chai jamani, saa nne asubuhi!

"Kuna nini?" Muchiri akauliza.

Maneno yakanitoka kabla sijayashika. "Cha nne na cha kumi na saba, mzee! Vyote zambarau! Zambarau ya vidoti!"

Nikajua nimekwisha, magunia yananingoja. Muchiri akafungua karatasi yake, akaitazama, akanitazama.

"Umesema zambarau?"

"Nisamehe, mzee. Huwa naona tu. Si wazimu."

"Nani amesema wazimu? Nimesoma hiyo maneno. Kuna watu, ulimi ukiguswa, kwa ubongo macho pia inaamka. Si ugonjwa." Akachungulia ndoo ya upande wangu. Ilikuwa kavu kabisa. "Ngai wangu! Umekuwa ukimeza yote?"

"Ningetemaje chai yako, mzee?"

Akacheka mpaka akavua miwani. "Nne na kumi na saba ni sawa. Kuja Jumatatu. Somo la kwanza ni kutema."

Nikaweka kijiko mezani. Nilikuwa nimefika mlangoni aliponiita tena.

"Nyakerario. Na Jumatatu ni rangi gani?"

Miaka ishirini na tatu tangu darasa la pili, hakuna aliyewahi kuniuliza. Machozi yakanitoka huku nikicheka.

"Nyekundu, mzee," nikasema. "Nyekundu kabisa."