Lango la Sumbelai

Lennox Wakhungu aliibandika kalenda yake sebuleni kwangu mwenyewe, kando ya ile ya kanisa. Ilikuwa mwezi wa kumi, mwaka wa 2001. Alikuwa mchoraji wa ramani kwa mpima mashamba mmoja Kajiado, na mkono wake ulikuwa mzuri, siwezi kumnyima hiyo. Pembeni alichora kwa rangi milima na miezi miwili ya angani. Majina ya miezi ya mwaka yalikuwa ya penseli, kwa sababu yeye na binti yangu Nyawira walikuwa bado wanayabadilisha. Walikuwa wanatunga hadithi ya watoto, ya nchi inaitwa Sumbelai, iliyo juu ya mawingu ya Ngong. Chini ya kila mwezi wa huko aliandika wa kwetu kwa herufi ndogo, wasipotee.

Niliisoma yote, halafu nikauliza, "Jumapili iko wapi?"

"Huko hakuna, Mama. Wiki ni siku sita. Ya sita ni Siku ya Kusikiliza."

"Wanasikiliza nani?"

"Mami, ni hadithi tu," Nyawira akasema.

"Nimesikia ni hadithi. Nauliza wanasikiliza nani."

"Mawe ya mto," Lennox akasema.

Siku hizo watu waliongea sana juu ya waabudu shetani. Wamaitha, tunayeomba naye Alhamisi, aliiona hiyo kalenda akakumbatia mkoba wake. "Mama Nyawira, na hii kitu ukutani, wewe unalala?" Nikamwambia nalala. Lakini nilipopiga magoti niliipa mgongo.

Kumbe mawe hayakuwa na shida. Kilichonikaa rohoni ni Lango.

Mara tatu kwa mwaka, Lango la Sumbelai lilifungwa mwezi mzima. Hakuna kuvuka mto, hakuna kusalimiana na wa ng'ambo. Na wao walicheza hivyo hivyo: Lango likifungwa, Nyawira haendi kwa Lennox huko Kware, na simu ya Lennox inazimwa. Kila mmoja anaandika upande wake wa hadithi. Krismasi ya mwaka huo kijana hakuonekana.

"Ni kama kufunga, Mami. Si hata wewe hufunga?"

"Nikifunga mimi, simu ya Mungu haizimwi."

Alicheka. Mimi nilikuwa nahesabu vitu vya nyumba. Blanketi la maua lilikuwa limeenda Kware, halafu jiko la mafuta. Msichana haendi kwa mwanamume siku moja, anaenda mfuko kwa mfuko. Na watu wa Lennox walikuwa hawajakanyaga kwangu kuongea habari ya posa.

Aprili ilipofika, maji yaliisha. Niko na vyumba vya kukodisha huko nyuma, na wapangaji ni wanaume wa magharibi, upande wa kina Lennox, wanaofanya kazi viwandani. Shule zikifungwa, wake zao wanatoka nyumbani na watoto, kamba za nguo zinajaa, na tangi linakauka kabla ya gari la maji kurudi. Nilikuwa nimesimama hapo nikigonga tangi, na Naliaka, mke wa mpangaji wa chumba cha mwisho, akaniambia, "Vumilia, Mama. Shule zikifunguliwa tutakuondokea."

Nikatazama dirishani. Nyawira alikuwa mezani akiandika, kwa sababu Lango lilikuwa limefungwa.

Niliingia nikasoma ile kalenda tena. Desemba. Aprili. Agosti. Miezi ya tangi kukauka.

Jumapili moja ya Julai Lennox alikula kwetu chapati na minji. Nilingoja ashibe, ndipo nikamwambia:

"Baba, mjomba wa Nyawira, Bedan, amekubali kuwapokea watu wenu. Amesema katikati ya Agosti."

Alipangusa mdomo, akamtazama Nyawira akitabasamu. "Mama, Agosti Lango limefungwa. Tuseme Septemba."

"Lango ulijenga wewe?"

"Ni mimi."

"Basi lisogeze."

"Hadithi ikishapangwa, Mama, ni ngumu..."

"Mwezi wa Asali ulikuwa hapo juu, kwa Julai. Nyawira akasema nyuki hawapendi baridi, ukaushusha. Nilikuona ukifuta."

"Ni kweli, Lenny," Nyawira akasema. Kwake ulikuwa bado mchezo. Aliitoa kalenda ukutani, akasukuma sahani, akamletea kifutio. "Futa, tuandike Septemba."

Lennox alikishika kifutio. Alikigeuza upande huu na huu.

"Agosti niko na kazi nyingi Kajiado," akasema.

"Ni Lango au ni kazi?"

Nilimimina chai, nikaongea na birika. "Mimi nishaagiza maji ya Agosti. Naliaka anakuja na watoto."

Nyawira alinitazama. Akainamia kalenda, akaweka kidole kwenye Lango la kwanza, la pili, la tatu. Aliinua uso polepole.

"Wangapi?" akamwuliza Lennox.

"Nyawira, ningekuambia."

"Nimeuliza wangapi."

"Wawili. Mama yao anafundisha huko Bungoma."

Nilimwambia Lennox amalize chai, kwa maana ilikuwa imeshamiminwa. Hakuimaliza. Vile vitu vilivyoenda Kware mfuko kwa mfuko tulivirudisha kwa safari moja, mimi nikibeba jiko, Nyawira blanketi.

Nilidhani ataichoma ile kalenda. Badala yake alikaa akafuta malango yote matatu. Kwa Agosti alisugua mpaka karatasi ikatoboka. Akachukua kipande cha kalenda ya kanisa ya mwaka uliopita, akaziba nacho lile tundu kwa nyuma, akairudisha ukutani.

"Hii nchi nilijenga pia mimi," akasema.

Agosti ilikuja na watoto wa Naliaka, na tangi likakauka. Nyawira aliwasomea ile hadithi mlangoni, Lango likiwa wazi. Siku ya Kusikiliza bado iko, na mimi bado naipa mgongo nikiomba. Lakini pale palipotoboka, kile kipande cha nyuma kinaonekana, na tarehe zake nyekundu. Nimesimama karibu nikazisoma. Ni Jumapili.