Hartwig Lüdemann Ajishtaki

Uchokozi niliuanza mimi, kwa hiyo acha niseme mwenyewe kabla hamjaambiwa na wengine. Wiki nne kabla ya Hartwig Lüdemann kustaafu, tukiwa jikoni pa ofisi, nilimwita "Bwana Asparaga" mbele ya watu. Kazi yetu ni kukagua mizani za sokoni, na Hartwig alikuwa ameifanya kwa miaka arobaini na moja. Kila Mei muuzaji mmoja humwachia fungu la asparaga nyeupe, mboga ya mabua ya bei ghali, kwenye kikapu cha baiskeli. Ofisi nzima ilijua, na siku hiyo ofisi nzima ilicheka.

Hartwig hakucheka. Alisuuza kikombe chake, akakifuta, akaenda mezani kwake kuandika barua.

Sheria yetu ina kifungu kimoja kitamu: mtumishi wa umma anayeona jina lake limechafuliwa anaweza kuomba afunguliwe shauri la nidhamu yeye mwenyewe, ili asafishwe. Katika miaka yangu ishirini na miwili sijaona mtu mwenye akili timamu akikitumia. Hartwig alikitumia, tena akaambatisha ushahidi: daftari. Humo kila fungu alilopokea tangu mwaka 1994 lina tarehe na uzito, limepimwa kwa mizani ya ofisi. "Gramu 1,040, mabua mawili yamevunjika." Na kanuni inakataza zawadi, hata ya bua moja.

"Hartwig, baba, hii barua sijaiona," alisema bosi wetu, Bi Niehus, akimrudishia. "Nenda nayo nyumbani ukawashie jiko."

"Imeshagongwa muhuri wa mapokezi."

"Nani kaugonga?"

"Mimi. Leo ni zamu yangu."

Bi Niehus alifumba macho. "Unajua wakikufukuza kazi, pensheni ya utumishi ndiyo basi? Miaka arobaini na moja, mzee wangu. Kwa mboga."

"Nataka karatasi inayosema nilichofanya na nisichofanya," alisema Hartwig. "Sitaki kuondoka na jina la jikoni."

Bi Niehus si mjinga. Mstaafu hapewi karipio wala onyo, kwa hiyo aliamua kulikalia faili mpaka Juni, Hartwig akiwa ameshastaafu, shauri lijifie lenyewe. Hartwig alimshtukia siku ya pili. Akaandika barua nyingine, akiomba kustaafu kwake kuahirishwe mpaka atakapohukumiwa. Sijui mnamwitaje mtu wa namna hiyo kwenu. Sisi tulimwita majina mengi.

Kisha mkewe, Almut, akanipigia simu.

"Ni wewe uliyemwita hilo jina?"

"Ni mimi, mama."

"Basi njoo umwondolee. Mimi nina nyonga mbovu na naishi ghorofa ya tatu. Tumepata nyumba ya chini, na tutailipa kwa pensheni hiyohiyo. Halafu nikwambie kitu? Asparaga hata hazipendi. Anazila huku kakunja uso, eti chakula hakitupwi."

Nilicheka. Nilipokata simu niliona haya.

Mchunguzi alitumwa kutoka makao makuu, Hannover, mwanamama mwenye sauti ya upole kama ya daktari wa meno. Mimi ndiye niliyewekwa kuandika kumbukumbu za kikao. Alilipekua daftari ukurasa kwa ukurasa, kisha akavua miwani.

"Bwana Lüdemann, kama hii ilikuwa desturi ya ofisi nzima, kosa lako linapungua sana. Nakuuliza kwa faida yako. Wenzako nao walipokea?"

Kalamu yangu ilisimama. Niseme ukweli: kwenye friji yangu, saa ileile, kulikuwa na soseji za mchinjaji ambaye mizani yake niliipitisha Jumanne. Kabla ya soseji kulikuwa na stroberi, na kila Krismasi bata, na sikuwahi kuandika hata gramu. Bi Niehus, ambaye asali yake hainunui, alikuwa anatazama dirishani.

"Daftari ni langu," alisema Hartwig. "Lina vitu vyangu."

"Swali langu ni juu ya wenzako."

"Wenzangu sikuwapima."

Nikaandika hivyohivyo. Ilibidi niandike sentensi hiyo mara mbili, kwani ile ya kwanza haikusomeka.

Uamuzi ulifika tarehe thelathini Mei: karipio, na pensheni haiguswi. Mchunguzi aligundua kwamba muuzaji wa asparaga alifungiwa mizani mara mbili kwa kutopima sawa, na aliyemfungia ni Hartwig.

Kesho yake ilikuwa siku ya mwisho. Kwetu anayeondoka ndiye huwalisha wanaobaki, kwa hiyo Hartwig alileta mikate yenye nyama mbichi ya kusaga na vitunguu, kama tulavyo huku, akatusomea karipio lake lote, pamoja na namba za vifungu. Uso wake uling'aa. Watu walipiga makofi huku wakitafuna.

Nilimfuata kwenye korido akivaa vibanio vya suruali vya baiskeli.

"Hartwig, nina jambo. Mimi miaka yote hii—"

Aliinua mkono, akatazama saa yake.

"Wiebke, dada yangu, mimi ni mtumishi wa umma mpaka saa sita usiku. Ukinieleza sasa itabidi niripoti. Njoo kesho, Almut anapika."

Akatoka. Alijua. Miaka yote alijua, na daftarini aliandika zawadi za kwake tu. Nilijifungia chooni nikalia, na huko jikoni nilisikia wenzangu wakigombania mkate wa mwisho.