Homa Iliyotokea Mdomoni

Mama mkwe wangu, Bi Mauza, alipanda ngazi akihema, kanga ameizungushia mdomoni. Chini mikokoteni ilikuwa inagombea njia, Kariakoo ya kila siku. Asubuhi ile nilikuwa nimerudi kutoka hospitali na mwanangu wa kwanza, Zayed, na yeye bibi yake ndiye aliyetakiwa kumtia tende: mtu mwema wa ukoo anaitafuna mpaka inalainika, kisha anampaka mtoto kwenye kaakaa. Kwao kina Talha, mume wangu, mtoto hapokewi bila hivyo.

Alipofungua kanga niliona vilengelenge kwenye mdomo wa chini, vimekaa kishada, kimoja kinavuja maji. Nikamwuliza kama vinauma.

"Ni homa hiyo inatoka, mwanangu," akasema. "Ikishatokea mdomoni, ujue mtu kapona."

Hata kwetu Lindi tunasema hivyo. Wifi yangu Rawan akamtania kwamba kwa mdomo ule baba mkwe atahamia kulala sebuleni, tukacheka. Bi Mauza akatafuna tende taratibu, akaitoa kwa kidole, akampaka Zayed. Mtoto akamumunya. Bibi akambusu.

Wiki iliyofuata Zayed akaanza kulegea. Ziwa analishika, analiachia. Talha akasema ni joto, Rawan akasema ni mchango wa tumbo. Mimi nilikaa namwangalia tu, mpaka nikaviona pembeni ya mdomo wake, vidogo, vimekaa kishada. Halafu mkono wake ukaanza kurukaruka wenyewe. Nikambeba mpaka hospitali, sikungoja mtu.

Daktari alivitazama kwa muda, akauliza kama kuna mwenye vidonda vya mdomo aliyemgusa mtoto. Talha, aliyekuja mbio kutoka dukani kwake mtaa wa Gerezani, akajibu kwamba hakuna. Mama yake, aliyenifuata nyuma, alikuwa ameketi palepale, vidonda vya mdomo vimeshakauka. Nikahisi Talha ananikanyaga mguu.

"Mama alimtafunia tende, dokta," nikasema. "Alikuwa na vidonda kama hivi."

Talha akageukia ukutani. Daktari akaagiza dawa ya virusi kwenye dripu papo hapo, hata majibu ya vipimo hayajatoka. Akatueleza kwa sauti ya chini kwamba ni kirusi, watu wazima wengi wanacho, na kwao mara nyingi huishia kwenye vidonda tu. Homa haikitoi, inakiamsha. Kwa mtoto mchanga kinaweza kupanda mpaka kwenye ubongo.

Bi Mauza akaugusa mdomo wake. "Mbona mimi nimeshapona?"

"Vidonda ndivyo vimepona, bibi. Chenyewe kimerudi kujificha kwenye mishipa ya fahamu. Kitakaa humo maisha yako yote."

Akauliza kama na cha mtoto kitajificha hivyo. Daktari akasema hilo ndilo la kuombea.

Jioni mkono wa Zayed ukatulia. Nikampa ziwa. Akavuta kidogo, akaachia, akafumba macho. Nesi anasema amelala, nimwache. Bi Mauza yuko mlangoni, hataki kusogea karibu. Mimi namwita mwanangu kwa jina, polepole, hafumbui macho, na bado namwita.